Maiki Yako Haikuwa na Betri

Kerubo mwanangu,

Sina haja ya kuuliza kama u mzima, maana asubuhi nimekusikia ukigombana na jogoo wa jirani kabla hujaondoka kwenda Sironga kumuaga shangazi yako. Mimi ni mzima wa mwili, ila situlii. Nimeandika mistari hii miwili na tayari nimesimama kwenda mlangoni kuangalia kama ni wewe umerudi. Niko hapa dukani Suneka, kwenye kaunta, redio ya mtu iko mbele yangu imefunguliwa, nyaya nje, na sijaigusa tangu asubuhi.

Sitakuandikia habari za kufunga mlango, kula vizuri na kuchagua marafiki. Hayo shangazi yako anakuambia sasa hivi, na anayasema vizuri kuliko mimi, tena kwa sauti. Kesho unakwenda Nakuru, kwenye studio iliyokuita ukarekodi, na mimi nina jambo moja tu la kukupa. Nataka ulijue kabla hujaondoka. Nikiufikiria uso wako ukilisoma, natamani shangazi yako akuchinjie kuku mwingine akucheleweshe.

Utashangaa naandika Kiswahili. Kwetu Kiswahili ni cha shule na cha wateja, na wewe ukinisikia nyumbani nikikisema unajua kuna mgeni. Lakini nimejaribu kuanza kwa Ekegusii nikashindwa. Ni ensoni. Wenzako wa Nakuru wakikuuliza hiyo ni nini, waambie ni ile haya inayomfunga baba asitaje mambo ya mwili mbele ya binti yake, na mkwe asimkaribie mama mkwe wake hata kumpa mkono. Kwa Ekegusii neno moja tu linatosha kuiamsha. Kwa Kiswahili maneno yale yale yanapita kwa sababu hayakuzaliwa nyumbani. Kwa hiyo nivumilie.

Wewe una jina la mama yangu. Nimekuita mama tangu ulipozaliwa, lakini sidhani nimewahi kukueleza vizuri alikuwa mtu wa aina gani. Yeye ndiye aliyekuwa akiongoza nyimbo Desemba, vijana wakitoka jandoni. Akina mama walijaza barabara na matawi mikononi, na mama mbele. Siku hiyo alikuwa anaimba mambo ambayo siku nyingine mtu angepigwa faini ya mbuzi kwa kuyataja. Aliwaimba wanaume wachoyo, wanaume walevi, wanaume wasiojua kazi yao ya usiku, tena kwa majina. Alikuwa anatunga pale pale akitembea, akimwona mtu mlangoni anamwingiza kwenye wimbo. Ninyi mnaiita freestyle, na mnadhani mmeileta ninyi. Baba yangu alikuwa anaingia ndani na kufunga mlango mpaka wapite. Hakuna aliyemkemea mama, kwa sababu siku ile ilikuwa yake.

Baadaye akabatizwa, akaanza kuimba za kanisani tu, na akina mama wengine hivyo hivyo. Alikufa kabla hujazaliwa. Mimi nilidhani mambo yale yameisha. Halafu siku moja ukiwa kidato cha tatu nikakusikia ukifoka kwa rap nyuma ya duka, kwenye ile spika iliyopasuka, kwa Ekegusii, maneno yanakimbizana, na jina la mwalimu wenu wa hesabu limo ndani pamoja na suruali yake. Nilitoka nje nikajifanya natafuta bisibisi. Nilikuwa nacheka, na nilikuwa naogopa. Sikukuambia lolote kati ya hayo mawili.

Nimekatizwa hapa. Amekuja mzee mmoja wa kanisani anataka spika za Jumapili.

"Fundi, zile kubwa ziko?"

"Ziko."

"Na mbona unaandika kama mtu anaandika mtihani?"

"Ni mahesabu tu."

"Mahesabu inakutoa jasho?"

Amekwenda anacheka. Nimefunga nusu ya mlango.

Nataka nikuambie nilichokiona katika kazi hii ya kukodisha spika, kwa sababu hukukiona wewe, ulikuwa unasoma. Vijana wa kurap wa kutoka hapa mpaka Kisii mjini wamepitia mikononi mwangu karibu wote. Kila kundi lina wavulana watatu au wanne na msichana mmoja. Msichana anakuja na mistari yake kichwani. Wanaanza mazoezi, na kabla jua halijageuka ameshakuwa wa kiitikio. Wanamwambia ana sauti tamu. Anafurahi, maana ni kweli. Wavulana wanagawana beti, yeye anarudi kila baada ya ubeti kuimba maneno yale yale manne, kisha anashuka kushika makoti ya wenzake.

Kulikuwa na mmoja akiitwa Moraa, enzi zile wewe ungali mgongoni kwa mama yako. Huyo aliwapita wote. Siku ya tamasha alipanda na mistari ya kuwajibu wavulana waliomtukana, na mimi nikampa ile maiki inayokwaruza. Sikuwa na chuki naye. Maiki nzuri nilikuwa nimezigawa tayari, na mkono wangu ulizigawa kwa wavulana bila mimi kuuliza kwa nini. Watu walisikia kukwaruza, wakapiga miluzi, akashuka. Leo ana kibanda cha nguo Kisii mjini, na nikipita ananisalimia vizuri sana. Ile maiki ya Moraa niliikumbuka juzi tu, nikiwa natafuta kitu kingine cha kujilaumu.

Sasa nifike Nyansiongo, maana nimezunguka vya kutosha.

Ile siku ya akina mama wa chama, katika uwanja wa shule, kule kwao na mama yako. Mimi nilikuwa kando ya hema na miksa yangu ya kuongozea sauti. Nyanya yako, mama mkwe wangu, alikaa mbele kabisa na kitambaa chake cheupe. Nilishukuru kwamba kulikuwa na watu wengi kati yetu. Ulipopanda na Nyakundi, mwenzako wa kundi, ukaanza kile kiitikio chako cha kumwita mama, akina mama wakasimama. Nyanya yako naye akasimama, na miguu yake ile. Kisha ukaingia kwenye ubeti wako.

Ubeti huo naujua. Nilikuwa nimekusikia ukiufanyia mazoezi nyuma ya duka wiki nzima. Siwezi kuuandika kwa lugha uliyoutungia, nauweka hapa kwa Kiswahili na najua unapoteza nusu ya makali yake:

Mama alisema ni mgongo, mimi leso nikafua,
Maji yakatoka mekundu, ni udongo, akaniambia,
Mgongo hautoi damu, hata mtoto anajua.

Ulifika hapo kwenye maji. Neno la leso lilikuwa limeshatoka, neno la damu lilikuwa njiani, na ninayewapa watu sauti hiyo ni mimi, mkwe, na mama mkwe wangu amesimama anasikiliza. Nikashusha kitufe cha sauti cha maiki yako mpaka chini kabisa. Mdomo wako uliendelea kidogo. Kisha ukaacha, ukaigonga maiki kwa kidole, ukageuka kuniangalia. Nyakundi akaingia na maiki yake akaokoa wimbo. Watu wakapiga makofi wakidhani ni mitambo.

Tulipokuwa tunapakia spika uliniuliza, "Baba, ile maiki ilikuwa na shida gani?"

Nikakujibu, "Betri."

Ulikuwa umeishika mkononi. Ilikuwa maiki ya waya, Kerubo. Haina betri wala mahali pa kutia betri, na wewe umekulia ndani ya duka hili. Ukaukunja ule waya vizuri, kama nilivyokufundisha, ukauweka sandukuni. Tangu siku hiyo sijasikia ubeti ule nyuma ya duka. Na wimbo ulipotoka kwenye simu za watu ulikuwa na beti mbili za Nyakundi, na wewe kiitikio. Vijana wa bodaboda wanaupiga hapa nje kutwa nzima. Kila ukifika pale palipokuwa pako, anaingia Nyakundi na habari za viatu vyake. Simchukii kijana, ni mtu mzuri, lakini viatu vile nimevichoka.

Nilikuwa nimejipanga kuishi na hilo. Nilijiambia ni mila, na mtu halaumiwi kwa kushika mila yake. Halafu wiki iliyopita akaja mjomba wako, Ombati, kaka ya marehemu mama yako, na redio ya nyanya. Nikaifungua, haikuwa na shida kubwa. Hakuondoka. Akakaa pale kwenye kreti ya soda anapiga piga magoti.

"Mama amenituma," akasema. "Anauliza, hiyo siku ya chama, ile maiki ya Kerubo ilizima aje?"

"Stima ilipotea kidogo."

"Anasema msichana alikuwa amefika kwa ugonjwa ya dadangu Bosibori, halafu ikazima. Anasema tangu tumzike hakuna mtu amemwambia mtoto wake alikufa na nini. Sisi tunasema mgongo. Yeye anasema mgongo haiwezi kuua mtu mwenye alikuwa anabeba majani chai kilo yote hiyo. Anataka kusikia mwisho."

Nikamwambia tena ni stima. Wewe nilikupa betri, yeye nikampa stima. Fundi mzima. Akachukua redio akaenda, nami tangu siku hiyo silali vizuri, na chakula unaona mwenyewe nakisukuma kwenye sahani.

Kwa hiyo yule niliyedhani namlinda masikio ndiye aliyekuwa anangoja. Ensoni ile ilikuwa yangu na yake, na inanikataza mimi kumwambia. Wewe haikuzuii. Mjukuu anaweza kumwambia nyanya yake lolote, hata katika mila hilo limeruhusiwa tangu zamani, na ninyi wawili mkikaa jikoni mnazungumza mambo ambayo mimi nikipita mnanyamaza. Ulikuwa umeamua kumwambia kwa njia uliyoiweza, mbele ya wenzake, ili na wao wajue na waende wakapimwe. Na kazi yangu siku hiyo ilikuwa spika tu.

Sasa nakwambia lile lenyewe. Nimesimama, nimezunguka kaunta, nimerudi. Sikukishusha kitufe kwa ajili ya mama mkwe. Nilijificha nyuma yake. Ubeti wako haukuishia kwenye damu. Una mistari miwili zaidi, na nilikuwa naijua:

Baba hutengeneza redio, za watu zote zikalia,
Ya kwake ilizima nyumbani, hata siku moja hakuisikia.

Hiyo ndiyo niliyoiogopa. Nilikuwa nimesimama nyuma ya miksa nahesabu maneno yaliyobaki kabla haijafika.

Na ni kweli, Kerubo. Mama yako aliniambia mgongo, na mimi nilikubali haraka, kama mtu anayepewa chenji asiyotaka kuihesabu. Nilimnunulia dawa ya kuchua. Alianza kulala kitandani kwako, akasema ni kwa sababu ya joto, na huku Kisii joto linatoka wapi? Niliziona leso kwenye kamba asubuhi, nyingi, kila siku, na nikajiambia wanawake wana mambo yao. Sikuuliza. Kama ningeuliza, nilihisi tungekuwa tumevua nguo mchana. Tulipofika hospitali daktari alinieleza kwa Kiingereza, saratani ya mlango wa kizazi, na kwamba tulipaswa kuja mapema. Niliitikia kwa kichwa. Sikumwambia mtu yeyote. Na siku ya mazishi nilichukua maiki yangu mwenyewe, nikaipuliza nijue inafanya kazi, nikawaambia watu wote mke wangu ameuawa na mgongo. Nawe ulikuwa umesimama pale na sare ya shule, na mikono yako ndiyo iliyokuwa imefua.

Sijui ulinichukia kiasi gani siku hiyo. Labda sana. Labda ulichoka tu. Sitaki unijibu.

Ninampenda mama yako mpaka leo, na nilimwacha augue peke yake ndani ya nyumba yangu. Yote mawili ni kweli na sijui niyaweke wapi.

Nimekuwa nikijiuliza kwa nini mambo kama haya yaliachiwa nyimbo za wanawake. Marehemu mama yangu alikuwa akiwavua wanaume nguo barabarani na kijiji kinacheka, lakini kuna mahali kila mmoja alikuwa akisikia jina lake na kunyamaza. Nadhani nyumbani hakukuwa na mlango wa maneno hayo, yakatafuta barabara. Barabara ile tukaifunga. Wewe na wasichana wenzako mmeifungua kwa maiki na biti ya kompyuta, na watu kama mimi tumekaa kwenye miksa. Sisi hatuwakatazi kuimba. Tunawapa kiitikio, tunawasifu sauti, tunashusha kitufe kidogo, tunasema ni betri. Huko Nakuru utawakuta wengine kama mimi, na wengi wao watakuwa watu wapole wanaokupenda. Ndiyo maana nimefurahi kwamba wale wa studio wamesema watawafundisha na mitambo. Kaa kwenye hiyo miksa mpaka mkono wako uizoee, usiku na mchana, hata wakikuambia kazi yako ni kuimba.

Si kwamba nimekuwa mtu mpya, usinicheke. Ule wimbo wako mwingine wa suruali bado naona ungeweza kupunguza. Na jina lako la jukwaani sitaliandika hapa, lina herufi kubwa mahali ambapo hakuna mwalimu aliyewahi kuziweka.

Lakini ule ubeti naomba uurudishe. Kesho kutwa mkianza kurekodi, Nyakundi abaki na ubeti mmoja wa viatu, unamtosha, na wewe uchukue wako wote, mpaka mistari ile miwili ya mwisho. Usiilainishe kwa sababu yangu. Ukiniondoa mimi humo, nyanya yako ataujua ugonjwa na hatajua kwa nini haukutibiwa, na hicho ndicho anachouliza anaposema anataka mwisho.

Nimempigia mjomba wako mchana, kabla sijaanza kuandika. Nimemwambia haikuwa stima.

"Sasa utamwambia mama mwenyewe?" akauliza.

"Mimi siwezi, unajua siwezi. Kerubo ndiye atamwambia."

"Lini?"

"Akirudi na wimbo."

"Basi nitamwambia angoje," akasema. Kisha akasema, "Amezeeka lakini." Na akakata.

Kwa hiyo nyanya yako anakungoja. Usiupeleke kwanza redioni wala kwa vijana wa bodaboda. Uupeleke Nyansiongo. Mimi nitabeba spika zile kubwa, nitazipanga uani, nitamwekea kiti mbele kabisa mjomba wako akimshika mkono. Nitafungua sauti mpaka mwisho, uone mwenyewe kitufe kiko wapi. Halafu, kwa kuwa bado mimi ni mkwe katika boma hilo, nitaondoka nikasimame nyuma ya zizi la ng'ombe. Si mbali. Spika zile nazijua, nitasikia kila neno, na ule mstari wa redio nitausikia vizuri kuliko yote.

Ukimalizana na nyanya yako, zunguka uje huko nyuma. Unaweza kunikuta nimejishughulisha na ng'ombe. Niulize kama nimesikia. Niulize kwa Kiswahili, nitakujibu.

Baba yako